Upande Aliosimama Faraja

Jumatatu, 3 Machi

Nyanya zimeisha kabla ya saa sita. Vitunguu bado. Faraja kapiga simu toka Mbeya. Amepewa kesi ya yule muuaji wa Makongolosi! Yule aliyeua wasichana watano, redio zote zinamtaja. Akasema, "Mama, ngoja nimalize," mimi nshakata simu. Soko zima la Mlandege limesikia. Mtoto niliyemsomesha kwa viazi anakwenda kumtia muuaji kitanzi.

Wa kwanza kumwambia ni Mama Upendo. Upendo wake ni mmoja wa wale watano. Alikwenda kule kuwapikia wachimba dhahabu, akarudi kwenye sanduku. Mama yake alinishika mkono tu. Tumelia wote wawili. Nina furaha mpaka naona aibu.

Jumapili, 9 Machi

Baada ya ibada nimesimama mbele ya wanawake wa usharika. Tunaenda wote Mbeya, sare moja, Mama Upendo asikae mpweke mahakamani. Kitenge cha bluu. Wengine walitaka cha kahawia. Nikauliza, wakili ni mtoto wa nani? Bluu ikapita. Sasa wananiita Mama Wakili. Naitika.

Jumanne, 18 Machi

Mbeya. Nipo kwa Faraja. Sijui nianzie wapi.

Kwenye kosta tumeimba njia nzima. Nyololo tukashuka kununua mahindi ya kuchoma. Mimi ndiye niliyeongoza nyimbo. Mahakamani tumejaza mabenchi mawili. Faraja akaingia na joho lake jeusi, kapendeza, nikampiga mwenyekiti wetu wa wanawake kiwiko. "Unamwona?"

Akaenda kukaa. Upande ule. Akamwinamia yule mtu, akamnong'oneza. Jaji akauliza nani anamtetea mshtakiwa. Mwanangu akasimama.

Bluu yote ikageuka kuniangalia. Mama Upendo hakugeuka.

Mapumziko Faraja akanifuata barazani, akapiga goti kidogo kama nilivyomfundisha. "Kamwene, mama." Sikuitikia. Sijawahi kuacha salamu ya mwanangu.

Jumatano, 19 Machi, asubuhi

Faraja kaamka kabla yangu, kachemsha chai.

"Mama, ulikata simu."

Kweli nilikata.

Anasema kesi ya mauaji haiendi mpaka mshtakiwa awe na wakili. Akikosa, mahakama inampangia. Amepangiwa yeye. "Nikifanya hovyo, Mahakama ya Rufani itafuta hukumu, Mama Upendo aanze upya. Nikifanya vizuri, hukumu ikitoka imetoka."

Nikamuuliza kama anamwonea huruma. "Namwogopa, mama." Birika lilikuwa bado mkononi mwake. Nikalipokea. Kila siku anakaa karibu na mtu yule, na hakuna aliyemwambia pole. Hata mimi.

Leo Mama Upendo anatoa ushahidi. Faraja lazima amhoji. Nimeomba Mungu jaji augue mafua tu, kesi iahirishwe. Navaa sare yangu.

Jumatano, jioni

Jaji mzima kabisa.

Nilipofika mwenyekiti akatandaza mkoba wake kwenye nafasi yangu. "Mama Wakili, benchi lako lile kule." Wengine wakacheka kwa pua. Nikaenda kule kule. Nyuma ya Faraja, peke yangu, na kitenge changu cha bluu. Lakini yule ni mwanangu, angegeuka amkute nani?

Wakili wa Serikali kamuuliza Mama Upendo habari za maiti. Siku gani, mahali gani, jeraha gani, alivaa sweta gani. Akianza kueleza anaambiwa, "Jibu swali tu, mama." Mara mbili.

Kisha Faraja akasimama. Nikafumba macho.

"Pole, mama. Lile sweta ulilitambuaje?"

Mama Upendo akasema alilifuma mwenyewe. Mikono aliizidisha vidole vinne, maana mtoto alikuwa bado anakua. Upendo alilalamika, anaikunja kila anapoosha vyombo. Alikuwa anaimba sauti ya pili. Alikuwa anaogopa bata. Watu wakacheka kidogo, wakaacha. Aliongea mpaka akamaliza. Faraja alisimama tu, mikono nyuma, hakumkatiza.

"Sina swali lingine, Mheshimiwa Jaji."

Yule mtu akamkazia macho mwanangu. Faraja hakurudi nyuma hata hatua moja. Huyo nimemzaa mimi.

Nje Mama Upendo akaja moja kwa moja kwangu. Nikajiandaa kutukanwa. Akasema, "Mwanao kaniacha niongee." Basi. Akapanda kosta. Akaniwekea kiti.

Ijumaa, 4 Aprili

Hukumu. Kunyongwa mpaka kufa. Faraja kapiga simu, hana furaha wala huzuni, amechoka. Anasema alitetea mpaka neno la mwisho, hakuna atakayesema yule mtu alionewa. Kaongea muda mrefu. Safari hii sikukata. Vitunguu vikauzwa na jirani.

Mama Upendo nilimpelekea habari kwa mguu. Alikuwa anapalilia. Akasema ahaa. Akaendelea kupalilia. Nikachukua jembe la pili.

Jumamosi, 12 Aprili

Faraja yupo nyumbani. Baridi. Nimempikia kande, kala sahani mbili, kalala mchana kama mtoto.

Mwenyekiti kapita, anataka mwanangu amsaidie kesi ya shamba. Nimemwambia wakili amepumzika.

Saa kumi kaja Mama Upendo na sufu ya kijani mfukoni. Faraja akapiga goti, "Kamwene, mama." Akaitikiwa. Mama Upendo akamwambia nyosha mkono. Akaupima kwa shibiri, kuanzia begani.

"Huyu ameshamaliza kukua," nikamwambia.

Akapima mpaka kwenye kiganja. Akaongeza vidole vinne.