Jivu la Bi Zuhura

Mjukuu wangu Neema,

Hapa Temeke tu wazima; kikohozi cha babu yako kimepungua, na kuku wako ametotoa. Unauliza kwa nini mie, nibishanaye na kila mtu, sibishani juu ya dini.

Enzi za Mwingereza, Jumatano ya Majivu, natoka kanisani, jirani yetu Mwislamu, Bi Zuhura, alinifuta paji la uso kwa kanga yake. "Umetoka jikoni hujajitazama, mwanangu?" Mama alipomweleza ile ni alama ya kanisani, Bi Zuhura alikimbilia kwake, akarudi na jivu la mafiga yake kwenye kifuu. "Mama Tekla, mrudishie mtoto. Nimekosa."

Nami, bingwa wa mabishano shuleni, nikamwambia hilo ni la kusugulia sufuria. La kweli hutokana na matawi ya mitende yaliyobarikiwa. Hoja yangu haikuwa na kosa. Bi Zuhura aliinamisha macho.

Mama akachovya kidole, akanichora msalaba. "Haya, mshukuru Bi Zuhura."

Nilishukuru nikitazama miguu yake. Mpaka leo naona haya, Neema. Jioni ile nilioga mwili mzima, paji la uso nikaliacha.

Bibi yako,
Tekla