Mama Anashona Bila Kunipima

Shangazi, shikamoo. Nimekwama, niambie ukweli hata kama utauma. Mimi ni fundi wa kuchomelea vyuma, mama yangu ni fundi cherehani, na juzi kanifungulia siri kwamba mimi sikuanza kama wenzangu, nilitengenezwa maabarani kutokana na chembe ya mwili wa dada yangu aliyefariki kabla sijakuwepo, yaani mimi ni nakala yake, sura ile ile, sauti ile ile, na ndiyo maana tangu utotoni mama ananishonea nguo bila kunipima, anafuata vipimo vya marehemu, nami nilidhani ni ufundi tu! Siri yenyewe ilimtoka baada ya gauni jipya kunipasukia mabegani, maana kunyanyua vyuma kumenitanua, akalia akasema, "Mwanangu hakuwa hivi, acha hiyo kazi urudi kuwa wewe." Nikamuuliza, wewe yupi? Sasa anataka nibebe vifaa vyangu twende makaburini nikakate uzio wa chuma wa kaburi la dada, eti mwenyewe karudi, kaburi la nini tena. Shangazi, nikijitazama kwenye kioo namwona yeye, mimi simo. Mama nampenda, lakini nikiukata ule uzio nitakuwa nimejizika mwenyewe. Nifanyeje?

Fundi Cheche

Marahaba, Cheche. Pole, tena pole sana. Ila "mimi simo" ndiyo nini? Nani basi kaniandikia? Marehemu hakuwahi kushika mashine ya kuchomelea. Hayo mabega umeyapata kwa jasho lako, usimwombe mtu radhi.

Mama yako namhurumia, lakini amekosea, nawe, bila kujua, umemdekeza kwa kuvaa na kunyamaza. Uzio hukati, ng'o! Makaburini utakwenda, tena naye. Palipolegea pachomelee, kutu ikwangue, mpe mama brashi apake rangi. Akilia, mwache alie, amechelewa mno kumlilia binti yake. Nawe sema mbele yake kwa sauti, "Huyu ni dada yangu." Mwenye dada si dada yake.

Mkirudi nyumbani, kazi huachi. Nenda moja kwa moja kwenye cherehani, mpe mama utepe wa kupimia, umwambie, "Mama, nipime." Atasema vipimo vyako anavijua kwa kichwa. Usibishane naye, wala usiondoke. Simama hapo hapo mpaka aanze na mabega.