Mjerumani Wako Hakuficha Kifo

Kaka Elia mpendwa,

Leo nimekusanya vitu vyako hosteli. Mashati manne, sufuria la wali, na ile tasnifu uliyoiacha katikati, juu ya rubani wa kivita wa Kijerumani wa vita ya kwanza ya dunia. Nimeisoma yote, mimi niliyekuwa nikikucheka.

Unakumbuka ulivyonisindikiza soko la nguo la Liuhua kununua jinzi za biashara? Wenye maduka waliniita laoban, bosi, nawe ukabeba mabegi ya bosi huku ukinisimulia habari za rubani wako marehemu. Alianza jeshini akiwa mpanda farasi, farasi wakakosa kazi kwenye mahandaki, akaomba kupelekwa kwenye ndege. Ndege yenyewe mbao na kitambaa, na parachuti hakuwa nayo. "Kwa hiyo alipaa ndani ya kabati lililovishwa shati," nikasema. Ukacheka mpaka ukatua begi. Nikakuambia wenzako wanakuja China kununua bidhaa, wewe umekuja kununua Mjerumani aliyekufa.

Hukumpamba. Ulisema aliua vijana wa watu, na akitua alishindwa hata kufungua kifungo kwa hofu. Ila jambo moja lake ulilipenda. Akimtungua adui, kesho yake aliruka juu ya kambi ya wenzake huyo adui na kudondosha kifurushi chenye barua: mwenzenu fulani amekufa, tumemzika mahali fulani. Walimfyatulia risasi, naye aliipeleka. "Alijua kuna mama anasubiri," ulisema. Mwishowe akatunguliwa yeye, na maadui wakadondosha barua kama hiyo kwa wenzake. Alikuwa na miaka ishirini na mitano.

Wewe ulikuwa na ishirini na saba. Moyo ulisimama ukiwa kwenye foleni ya chakula chuoni, na mimi nilipofika nikakuta umeshafunikwa shuka. Mzee Shayo, kiongozi wetu Watanzania wa mtaa huu wa Xiaobei, akanishika mkono wenye simu. "Mama haambiwi kifo kwenye simu. Sema anaumwa. Wazee nyumbani watamwambia vizuri."

Ndivyo tulivyolelewa, nikatii. Nikasema Elia amelazwa. Baba mdogo kule nyumbani ndiye aliyepewa kazi ya kukusanya wazee, na kila siku ana neno: tungoje vibali, tungoje maiti ifike. Mama naye kila siku ananiuliza umekula nini. Nami namjibu uji. Siku tisa nimekulisha uji, kaka, nawe uko kwenye jokofu la hospitali. Najichukia kwa hilo kuliko kwa jambo lolote nililowahi kufanya.

Leo nilipofika kwenye ukurasa wa zile barua, nikaiweka tasnifu kitandani, nikateremka kununua kadi ya simu. Hapa ilikuwa saa sita mchana, Mwanza saa moja asubuhi. Mama alipokea mara moja.

"Mama, uko na nani?"

"Na Mama Rehema wa jirani. Tumetoka kwenye maombi. Mgonjwa ameamkaje?"

"Kaa chini, mama."

"Nimekaa."

"Elia amefariki. Alifariki Jumatatu ya wiki iliyopita. Hakuugua. Nilikudanganya."

Nikasikia Mama Rehema akiuliza kuna nini, na mama akimwambia anyamaze.

"Jumatatu," mama akasema. "Mimi nilianza kufunga Jumanne."

"Ndiyo, mama."

"Kwa hiyo siku zote hizi nimemwombea maiti apone."

Tangu tukate simu, kaka, nimejiambia kwamba wazee wangemwambia vizuri zaidi, halafu nikajiambia kwamba hakuna njia yoyote nzuri ya kumwambia. Vibali vikitoka tutapanda ndege moja, wewe chini kwenye mizigo, mimi juu. Lala wewe. Mimi bado nina kazi ya kwenda kumtazama mama usoni.

Mdogo wako wa kike