Jina, Tarehe na Mahali

Jumatatu, 10 Juni 2019

Saa moja asubuhi nilikuwa kwa Profesa, Roseville, hapa Marekani. Barabara ya 35W imejaa, matengenezo kama kawaida. Nimempima presha. Dawa. Uji wa shayiri, nusu yake ameumwaga kwenye gazeti. Kisha nimemsomea hilo gazeti lenye uji. Macho yake hayafanyi kazi tena lakini masikio ni mazima. Nikiruka mstari anajua.

Kazi yangu kwenye karatasi ni kumwogesha na kumlisha. Kusoma hakukutajwa. Lakini mzee huyu amefundisha chuoni maisha yake yote jambo moja tu: jinsi Iran inavyojilinda, na kama kweli inataka bomu la nyuklia. Sasa habari zake lazima asomewe. Msomaji ni mimi, niliyekuwa mwalimu wa Kiswahili wa shule ya msingi kule Kisii, kwa Kiingereza changu cha kukwaruza. Ananiita Mwalimu. Ndilo neno pekee la Kiswahili alilo nalo. Mimi namwita Profesa. Tunaheshimiana.

Leo amenipa somo. Anasema nchi ile haina rafiki wa kutegemea. Ndege zake za kivita ni kuukuu. Miaka ya themanini jirani yao aliwamwagia gesi ya sumu na dunia ikatazama pembeni. Hawajasahau. Ndiyo maana wamerundika makombora, na wanapenda vita vipiganwe kwa wengine visifike kwao. Nikauliza, na bomu? Akacheka. Anasema wanachotaka zaidi ni sisi tuendelee kuuliza.

Nimeipenda hiyo. Nimekula mchana nikiifikiria. Habari za mbali ni tamu.

Alhamisi, 13 Juni

Meli mbili za mafuta zimeshambuliwa Ghuba ya Oman. Marekani inasema ni Iran. Iran inasema si sisi. Profesa alitaka nisome mara mbili.

Jioni Kemunto akaja nyumbani, Blaine, bila kupiga simu. Binti yetu, miaka ishirini na tatu, mtoto wetu wa pekee. Anaendesha malori katika jeshi la akiba. Alijiunga asomeshwe. Wikendi moja kwa mwezi, alituambia. Mafuriko, theluji, mambo ya hapa hapa. Mama yake alikuwa anachambua mboga za sukuma. Kemunto alizungumza akiwa amesimama, hakukaa. Kuwait. Jumanne tarehe 9 Julai. Kikosi chote. Miezi tisa, pengine zaidi.

"Dad, usi-panic. Na please, hii si ya kuambia watu, sawa?"

Nikasema sawa.

 Mama yake aliendelea kuchambua, hata mashina yale ambayo huwa tunatupa.

Nimeitafuta Kuwait kwenye ramani ya simu. Kidole changu kimoja kinafunika Kuwait yote na kipande cha Iran. Naogopa. Naandika hapa kwa sababu sina mwingine wa kumwambia. Naogopa sana.

Ijumaa, 14 Juni

Sikutaka kusoma. Profesa akauliza mbona sauti imekauka. Nikamwambia mafua. Kisha nikamuuliza kijanja, kama mwanafunzi: mambo yakichacha, Iran itapiga wapi kwanza? Hakusita. Kambi zilizo karibu. Makombora yao hayafiki huku, anasema, lakini Marekani imejipeleka yenyewe hadi mlangoni kwao. Alikuwa anakoroga uji. Hakujua anamsema mtoto wa nani.

Nikaenda msalani nikafungua bomba, asinisikie.

Jumapili, 16 Juni

Siku ya akina baba.

Kanisa letu lina desturi. Ombi lazima liwe na jina, tarehe na mahali. Mchungaji hataki maombi ya "wagonjwa wote" na "wasafiri wote." Anasema hata daktari humwambii naumwa tu, unamwonyesha wapi. Mimi ndiye katibu wa maombi. Nayapokea, nayasafisha lugha, nayaweka kwenye kundi la simu. Watu wa Anoka mpaka Saint Paul wanayasoma. Ombi lisilo na tarehe namrudishia mwenyewe kama insha mbovu. Mama mmoja nilimrudishia la upasuaji mara mbili. Sheria ni sheria.

Leo akina baba tuliitwa mbele, tukapewa soksi. Mchungaji akauliza nani ana mzigo. Nikanyamaza. Nilikuwa nimeahidi.

Nyumbani baada ya chakula nikashindwa. Nikaandika: "Tumwombee binti yetu Kemunto, dereva wa malori ya jeshi, anayeondoka na kikosi chake Jumanne tarehe 9 Julai kwenda Kuwait, Mungu amkinge na makombora ya Iran." Nikasoma mara mbili. Nikaweka nukta. Sentensi safi, haina kosa hata moja. Nikatuma.

Amina zikamiminika.

Kemunto sijamwambia. Alikataza watu. Kanisa si watu, kanisa ni nyumbani. Ndivyo nilivyojiambia. Nimepata usingizi wa mchana, wa kwanza tangu Alhamisi.

Jumatano, 19 Juni

Ujumbe kutoka kwa Ombati, mtoto wa dada yangu. Ni mlinzi kwenye jengo la maduka kule Doha. "Mjomba, kumbe Kemunto anakuja huku kwetu! Tarehe tisa! Tumeanza kumwombea hapa."

Ombi sikumtumia mimi. Amelipata kwenye kundi la Wakisii wa Ghuba. Wao walilipata kutoka Nairobi. Nairobi kutoka kwa dada yangu. Dada yangu kutoka kwa mtu wa Anoka ambaye namjua kwa sura tu.

Siku tatu. Ombi langu limefika Ghuba kabla ya mtoto.

Nimelifuta kwenye kundi letu. Kazi bure. Maji yakimwagika hayazoleki. Nimemwomba Ombati na yeye afute. Amenijibu kwa kile kikatuni cha mikono ya sala. Sijui kama amefuta au anaomba.

 Mwandiko huu ningempa mwanafunzi sifuri.

Alhamisi, 20 Juni

Iran imetungua ndege ya Marekani isiyo na rubani.

Profesa anasema hapa ndipo pabaya. Kila upande una mkakati wake, umeandikwa vizuri, na kila mkakati unaanza kwa kudhani kwamba yule mwingine ataogopa kwanza. Halafu jambo dogo linaharibu yote. Mtu mmoja anasema asichopaswa kusema. Alikuwa anazungumzia majenerali.

Nilidondosha kijiko. Sikula leo.

Ijumaa, 21 Juni

Wanasema jana ndege za Marekani zilikuwa tayari kwenda kupiga Iran, zikaitwa zirudi. Mama Kemunto amesikia habari hiyo mpaka mwisho, akaingia jikoni, akapika chapati za watu kumi na watano. Tuko wawili.

Jumamosi, 22 Juni

Kemunto amekuja. Amesimama tena.

Aliitwa na mkuu wake. Mezani kulikuwa na karatasi. Ombi langu, limechapishwa, na chini yake tafsiri ya Kiingereza. Akaulizwa nani ameandika. Akasema baba yangu.

Amepewa barua ya onyo, kwa kuwa tarehe ya kikosi kuondoka ni siri ya jeshi. Cheo alichokuwa akisubiri hakipati. Safari ya kikosi kizima inapangwa upya, tarehe nyingine, na wenzake wote wanajua ni kwa ajili ya nani. Wengine walikuwa wameshaaga familia zao.

Nilijitetea. Naona haya kuliandika lakini nitaliandika. Nilisema nilikuwa nakuombea. Akanitazama. Tangu darasa la tatu mtoto huyu nikimsemesha Kiswahili hunijibu Kiingereza, akijitahidi sana huchanganya. Leo amenijibu Kiswahili kitupu, nilichomfundisha mwenyewe.

"Baba, uliniombea au ulinitangaza?"

Akaondoka. Hakufunga mlango kwa kishindo. Afadhali angefanya hivyo.

Ulimi hauna mfupa, nimewafundisha watoto wa watu methali hiyo miaka kumi na minne.

Jumatatu, 1 Julai

Akiba ya Iran ya urani iliyorutubishwa imepita kiwango cha mkataba. Kwenye mkataba wenyewe Marekani ilishajitoa mwaka jana. Nikauliza, basi ndilo bomu hilo? Profesa anasema hapana, bado mbali. Ni hatua ndogo, ya kupimwa, ya kuonekana. Alieleza kwa maneno marefu. Mimi nimeelewa hivi: ni mtu aliyeegemeza panga nje ya mlango wake. Halijamkata yeyote, lakini kila mpita njia analiona na anatembea upande wa pili. Bomu hawasemi watalitengeneza. Wanasema hawalitaki, na huku hawaachi. Kutojua kwetu ndiyo ngao yao.

Hapo nikamwambia ukweli. Kemunto, ombi, barua ya onyo. Alisukuma bakuli la uji pembeni. Kisha akaniomba radhi kwa yale ya kambi. Akasema miaka yote hiyo alichora mishale kwenye ramani na hakuwahi kufikiria mtu anayekula ugali. Akauliza jina lake. Nikamwambia. Nikafungua mdomo niongeze mengine, akainua mkono.

Inatosha, Mwalimu.

Kemunto hapokei simu. Leo siku ya tisa.

Jumapili, 7 Julai

Iran imetangaza itarutubisha urani kupita kiwango. Nimesikia redioni kwenye gari tukienda ibada. Mama Kemunto amezima.

Mchungaji ameniita pembeni. Anataka tumwombee binti upya, nimpe tarehe mpya. Nikamwambia sina. Akasema itafute, mtumishi. Nilikasirika mpaka masikio yakapata moto. Si yeye aliyekosa, najua. Lakini nilikasirika. Nimemrudishia daftari la maombi. Si katibu tena.

Jumanne, 9 Julai

Leo ndiyo ingekuwa siku.

Kabla ya kazi nimepitia maegesho ya fleti ya Kemunto. Gari lake dogo la kijivu lipo. Niliegesha nyuma ya pipa la taka kama mwizi nikalia kwa furaha. Yupo. Amelala. Yupo.

Mpaka nafika kwa Profesa furaha ilikuwa imekwisha. Kama si leo, lini? Nilipewa tarehe mkononi, nikaitupa mwenyewe. Sasa kila siku ni tarehe 9.

Jumatano, 10 Julai

Gari lipo.

Alhamisi, 11 Julai

Gari lipo. Profesa amesema nimechelewa dakika ishirini siku tatu mfululizo. Hakuuliza kwa nini. Akaniambia nisome habari za besiboli.

Ijumaa, 12 Julai

Lilikuwa halipo. Nimekaa pale nusu saa. Kisha akatokea nalo barabarani, na mfuko wa donati kwenye dashibodi. Sidhani aliniona. Nimeacha kwenda. Mzazi gani huyu, anamvizia mtoto wake.

Jumapili, 14 Julai

Kemunto amekuja baada ya ibada. Amekaa.

Mama yake alisonga ugali, akapika kuku na ile mboga yetu ya Kisii, chinsaga, ya kwenye friza aliyokuwa ameificha tangu mwaka jana. Kemunto ameongeza mara mbili. Wameongea habari za nywele. Wamecheka kitu fulani jikoni. Hakutaja safari. Mimi sikuuliza. Ulimi uliniwasha, nikaunywesha maji. Nimekunywa glasi sita.

Hakusema anaondoka. Hakusema haondoki. Nilikuwa naangalia mikono yake kama nitasoma kitu. Kucha amekata fupi kabisa.

Alipoinuka aliweka funguo za gari lake karibu na sahani yangu.

"Dad, betri yake ni mbovu. Utakuwa unaniwashia mara moja kwa wiki, eh?"

Nikasema sawa.

Ni neno lile lile nililomwambia mwezi uliopita. Yeye pia alilikumbuka, nilimwona. Alinitazama kwa muda na mimi nikavumilia kutazamwa. Kisha akanikumbatia, kofia yangu ikaanguka. Rafiki yake alikuwa anamsubiri nje kwenye gari jingine. Mama yake alimfungia chapati kwenye foili, nyingi mno, na hakuna aliyesema ni nyingi.

Jumamosi, 20 Julai

Nimewasha gari. Dakika kumi na tano.

Simu yake haiiti. Haimaanishi kitu. Au inamaanisha.

Jumamosi, 27 Julai

Joto. Majirani wanakata nyasi. Nimewasha gari nikakaa ndani. Kiti ameacha mbele kabisa, ana miguu mifupi kama bibi yake. Sikukirudisha nyuma. Nimekaa magoti yamegusa usukani mpaka dakika kumi na tano zikaisha. Kuna karatasi ya donati kwenye kishikio cha mlango. Nimeiacha.

Nikiwa humo katibu mpya akanitumia ujumbe. Kijana mwenye bidii, nilimfundisha kazi mwenyewe. Anauliza kama familia yetu ina ombi wiki hii. Nikaandika: "Tumwombee mtu mmoja. Mungu anamjua." Nikatuma.

Hazikupita dakika mbili akanirudishia. Kwa heshima zote, mzee, lakini ombi lako halina jina, tarehe wala mahali.

Sikulijaza. Nimezima gari, nimefunga milango yote minne, nimeingia ndani kumsaidia mama yake kuchambua sukuma.