Sahani za Sombe na Vitabu vya Theluji

Jumatatu, 3 Juni

Siku ya pili ya kukaa ndani. Nimeamka, nimetandika, nimekaa. Siruhusiwi kufagia wala kupika. Josiane, mdogo wa mume wangu Theogene, anafanya kila kitu mpaka Jumamosi. Siku hiyo ndiyo gutwikurura: mama mkwe atashuka kutoka kijijini kwake Nkungu, mlimani, atanifunua kitambaa kichwani, atatunywesha maziwa mimi na mume wangu, na kuanzia hapo nitakuwa mke anayeweza kutoka nje. Siku hizi wengi wanaimaliza ukumbini siku ileile ya harusi. Mama mkwe alikataa. Anataka juma zima, kama alivyofanyiwa yeye.

Sina malalamiko. Nina furaha mpaka inanitia aibu. Mume wangu. Nimeandika tena: mume wangu. Saa sita mchana anatoka karakana kuja kula, nami namsikia akipiga mluzi tangu kwa mtengeneza baiskeli. Nguo zake zinanukia gundi ya mbao. Leo nimelinusa shati lake mara mbili na Josiane ameniona.

"Wewe, Maman, hiyo shati nataka kuifua. Utabaki unanusa nini? Sabuni?"

Nimecheka mpaka nikakaa chini.

Jumanne, 4 Juni

Rafu ya vitabu ni zawadi ya harusi kutoka kwa Theogene. Aliitengeneza kwa mikono yake, mbao za mvule, bila msumari hata mmoja. Nimepanga vitabu vyangu vyote juu yake. Ni kumi na viwili.

Nilipewa na Masera Agata, mtawa aliyekuwa mkuu wangu kule Bukavu nilipokuwa nikitunza maktaba ya shule ya msingi. Siku ya kuniaga alileta katoni. Vitabu vya watoto, vya Kifaransa, picha nyingi. Vyote vinahusu familia zilizohamia nchi ya ugeni. Aliniambia: "Unahama, mwanangu. Hivi vitakuonyesha njia." Nilimwambia navuka daraja tu, Masera, kutoka jikoni kwa mama yangu naiona Rwanda. Akasema nchi ni nchi.

Basi navisoma, kwa kuwa sina kazi. Vinafanana. Familia inafika, kuna baridi, kuna theluji. Mtoto hajui lugha, analia. Halafu kinatokea kitu kidogo na watu wanakuwa marafiki. Vinanitoa machozi vyote, hata kile chenye paka. Labda ni mapenzi. Siku hizi hata wimbo wa redio unaniliza.

Ninachokipenda zaidi ni kile chenye jalada la bluu. Mama mmoja anahamia jengo refu, hakuna anayemsalimia. Anapika maandazi ya kwao, anayapanga kwenye sinia, anapanda ngazi akigonga mlango kwa mlango. Ukurasa wa mwisho jengo zima linakula pamoja. Nimeusoma mara nne.

Jirani zangu hapa Kamembe, ng'ambo ya daraja, siwajui hata mmoja.

Jumatano, 5 Juni

Nimefanya kosa kubwa.

Josiane alikwenda sokoni. Sombe, kisamvu chetu, ilikuwa imeshatwangwa; sambaza, dagaa wa ziwani, zilikuwa zimeshakaangwa. Nikapika sombe mwenyewe, vizuri, na mawese, kama nyumbani. Nikapakua sahani nne, nikaziweka kwenye sinia. Nikatoka.

Nilidhani kutotoka maana yake ni kutokwenda mjini. Jirani ni hatua kumi. Kitambaa nilikiacha kitandani kwa sababu ya joto la jiko.

Mlango wa kwanza mama mmoja alipokea sahani bila kunitazama, akafunga. Wa pili hawakufungua, lakini niliona pazia likicheza. Kwa mtengeneza baiskeli wanaume watano waliacha kazi wakanikodolea macho. Nyumba ya nne ni ya Maman Zaituni, anayeuza vitenge, Mwislamu, mtu wa kucheka. Yeye hakucheka.

"Wee bibi harusi," akasema, "hawajakufunua, na uko natembeza chakula wazi mu njia? Batu watasema wanakunyima chakula. Rudi mbio."

Nikageuka. Moto, pikipiki ya abiria, ikasimama mbele yangu. Juu yake mama mkwe, na mfuko wa viazi alivyotuletea.

Akaniangalia kichwa wazi. Akaangalia sinia. Akaangalia wale wanaume. Hakupaza sauti. Ingekuwa heri angepaza.

"Ingia mu nyumba."

Nikaingia. Aliteremsha viazi, akasimama mlangoni bila kuvuka kizingiti. Akasema Jumamosi tujifunue wenyewe, kwa kuwa nimeshajifunua njiani. Yeye hatashuka. Akapanda moto ileile.

Asiposhuka hakuna gutwikurura. Theogene ndiye mtoto wake wa kiume pekee. Watasema nimeolewa bila mama.

Alhamisi, 6 Juni

Theogene hakunigombeza. Aliipiga randa mbao moja jana jioni mpaka ikawa nyembamba kama rula. Leo alfajiri amepanda Nkungu. Amerudi saa nane, vumbi mpaka kwenye nyusi.

Mama amemuuliza swali moja tu: mke wako alitoa wapi tabia hii? Bukavu? Theogene akamwambia Bukavu nako hawafanyi hivyo. Kweli. Mama yangu angenichapa.

Shangazi zangu wameshapika nusu ya vyakula. Jumamosi asubuhi wanavuka mpakani na vikapu vyao. Sijawaambia. Naona aibu. Theogene ameniletea chungwa, amelimenya lote na kunipa kipande kimoja kimoja. Nampenda mtu huyu kupita kiasi. Nimemharibia.

Mchana nimekaa mbele ya rafu na kuelewa kwamba jibu lipo. Nimetoa kile cha bluu. Nikampa Josiane ampelekee mama mkwe, amfungulie ukurasa wenye sinia. Aone nilikotoa ujinga wangu. Si Bukavu. Si kwamba simheshimu.

Josiane ameniangalia sana.

"Unamutumia Mama kitabu ya batoto?"

Ndiyo. Sina kingine.

Ijumaa, 7 Juni

Josiane amelala huko, amerudi leo saa tano. Bila kitabu.

Anasema Mama alikuwa akichambua maharage. Aliutazama ule ukurasa wa sinia, akaguna. Josiane akadhani yameisha. Lakini Mama akafuta mikono, akarudi ukurasa wa kwanza, akaanza upya. Hajui Kifaransa. Alikuwa akitazama picha tu. Ngazi. Dirisha lenye barafu. Makoti yaliyotundikwa nyuma ya mlango. Nguo zikianikwa ndani ya nyumba, juu ya chuma cha kuleta joto.

Akauliza: "Beata anaishi mu kitu kama hii?"

Beata ni binti yake wa kwanza. Yuko Kanada miaka sita. Aliolewa hukohuko, sisi tuna picha moja ya harusi. Anapiga simu kila Jumapili. Josiane anasema kwenye simu Mama huona uso wa Beata na dari, basi. Uso na dari, miaka sita. Hakuwahi kuuliza vingine, pengine hakujua aulize nini.

Alikaa na kitabu mpaka maharage yakabaki nusu. Kuhusu kesho Josiane hakuthubutu kumuuliza.

Nimefua kitambaa cha kichwa. Kimekauka. Nimekipiga pasi. Sijui nakipigia nani.

Jumamosi, 8 Juni

Shangazi walifika saa nne, vikapu saba. Wamekaa sebuleni wakiongea kwa sauti ya chini, kwa sababu waliona uso wa Theogene. Mimi chumbani, nimefunikwa. Saa tano. Saa tano na nusu. Chini ya kitambaa kuna joto na huoni kitu ila miguu yako. Nilihesabu vidole vyangu.

Kisha mngurumo wa pikipiki. Kisha Josiane akikimbia ua mzima.

Sikumwona akiingia. Niliona viatu vyake tu, vya kanisani, vina udongo mwekundu wa Nkungu. Akasimama mbele yangu. Halafu akasema maneno ya baraka, akanifunua, taratibu, kama mtu anayefunua mkate.

Alikuwa amebeba maziwa kwenye inkongoro, chombo cha mti cha marehemu mama yake. Nikanywa, Theogene akanywa. Mdomo wake ulibaki mweupe na nilitaka kumbusu mbele ya shangazi zote. Wakapiga vigelegele. Nililia vibaya, kwa pua.

Baadaye Mama akanivuta jikoni. Akatoa kile kitabu, amekifunga kwenye kitenge kipya.

"Chakula inatembea imefunikwa," akasema. "Na bibi harusi vilevile. Umesikia?"

Nimesikia, Mama.

Akaendelea kushika kitabu. Akauliza, kama anauliza bei ya chumvi: "Kule, Beata, ni nani alimufunua?"

Katika vitabu vyote kumi na viwili hakuna mahali panaposema.

Jumapili, 9 Juni

Mama hajarudi Nkungu. Baada ya misa tumekaa uani, mimi nikimsomea kimoja baada ya kingine, nikitafsiri kwa Kiswahili chake cha sokoni. Anauliza maswali ambayo mimi sikuwahi kuyawaza. Wanatupa wapi majivu? Maiti wanazika vipi kama ardhi imegeuka barafu? Kile cha paka hakimpendezi.

Saa tisa Beata amepiga. Mama akamwambia: usinionyeshe uso, nauona kila Jumapili. Nionyeshe mlango. Beata akacheka, kisha akaanza kutembea na simu. Mlango. Makoti matatu. Kile chuma, juu yake soksi za mtoto. Mama akaniminya mkono. Ni kama kwenye kitabu.

Halafu akamwambia atafute kitambaa ajifunike kichwa. Beata alipata taulo tu, la njano. Akajifunika, akakaa kwenye kiti cha jikoni, mumewe akashika simu. Mama alinipa simu yetu niishike mimi. Alinyoosha mikono miwili kuelekea kioo na kusema maneno yaleyale aliyonisemea jana. Huko Kanada mume akalifunua taulo.

Mtoto aliuliza jambo kwa lugha yao.

"Haya," Mama akasema. "Sasa unaweza kwenda sokoni."

Beata amekwenda sokoni miaka sita. Alisema ndiyo, Mama.

Simu ilipokatika, Mama ameomba sombe. Nimempikia. Ameila yote. Amesema chumvi imezidi.