Benchi la Mama

Jumapili, Julai. Manyunyu tangu asubuhi, mlima Meru haujaonekana kutwa. Nina hasira, na sitaki mtu aniambie nitulie.

Leo mama ameanguka kanisani.

Mama amepita miaka sabini, na magoti yake yameshachoka kwa kupanda vilima na mikungu ya ndizi kichwani. Lakini ikifika sala ya toba, lazima apige magoti. Siku zote alishika benchi la mbele yake, akashuka polepole, na kwa benchi hilohilo akainuka. Yalikuwa mabenchi ya mbao za mti wa mringaringa, mazito, yaliyochongwa na waumini wenyewe, marehemu baba akiwamo. Benchi ulivute uwezavyo, halitikisiki.

Mwezi uliopita tuliyatoa. Tukaweka viti vyeupe vya plastiki, eti kanisa lipendeze kwenye picha za harusi.

Leo mama ameshika kiti cha mbele yake ainuke, kiti kikamfuata. Wakaanguka wote wawili. Nyuma yangu mtu akacheka. Niligeuka kumtafuta, na bahati yake sikumjua, maana nilikuwa nimeshasahau kwamba tumetoka kutubu sasa hivi.

Baada ya ibada mzee wa kanisa akaja kutoa pole.

"Mama, si lazima kupiga magoti. Mungu anaangalia moyo."

"Asante, baba," mama akajibu. Nikamshika mkono, tukaondoka.

Njiani mama akasema, "Jumapili ijayo nitakaa tu." Alisema taratibu, kama mtu anayerudisha kitu alichoazimwa.

Hapo ndipo nilipochomwa moyo.

Na kuna jambo sijamwambia mtu. Siku ya kuamua habari ya viti nilikuwa nimetoka Kijenge, mjini ninakoishi, nina haraka ya kurudi. Mwenyekiti wa kamati akauliza nani anakubali viti. Nikanyoosha mkono kabla hajamaliza. Mama alikuwa kando yangu. Akaniangalia, kisha akanyoosha na wake.

Mabenchi yamerundikwa nyuma ya jiko la kanisa, yananyeshewa, yanangoja kuwa kuni za sikukuu ya mavuno.

Kesho kazini watanisubiri. Napanda tena kijijini, kwa mzee wa kanisa. Nitampa shikamoo yake vizuri, halafu nitaomba benchi moja tu, la mbele ya mama. Akisema watu walishanyoosha mikono, nitamwambia nimekuja kuushusha wangu.

Na wa mama.