Neno la Kusimamisha Kamera

Shangazi Eulalia mpenzi,

Bahati imenishika mkono! Huku Buenos Aires mimi ndiye nyota wa filamu ya mahaba ya watu wazima, inayotengenezwa na wanawake watupu. Yaani wanawake peke yao, acha kucheka.

Mwongozaji wetu, Graciana, aliniambia nichague neno la kusimamisha kamera. Nikachagua "empanada", sambusa ya huku, mjinga mimi! Mpishi akaita, "Empanada tayari!" Kamera zikazimwa, nikafunikwa blanketi.

Baadaye nikalisema mwenyewe, kwa sauti ndogo.

"Njaa, dada, au hutaki?" Graciana akauliza.

"Sitaki."

"Basi vaa. Asante kwa kusema."

Hakuna aliyenuna. Shangazi, tangu nizaliwe, "sitaki" yangu haijawahi kushukuriwa. Niombee hawa wanawake.

Huo unyota niliokutajia juu ni uongo. Sikurudi mbele ya kamera, sasa nashika taa.

Mwanao,
Nélida